Walinigeuzia Lugha Darajani

Wiki iliyopita fundi wa stima alikuja kututazamia soketi ya jikoni, pale nyumba ya wageni ninapopika. Alipoifungua ikatoka harufu ya plastiki iliyoshika moto, imechanganyika na vumbi la siku nyingi, nami nikaacha kukuna nazi. Fundi akadhani naogopa shoti. "Usiche, Bi, nimezima kule juu," akasema. Sikuogopa. Ile harufu ilikuwa imenirudisha kwenye chumba chetu cha nyuma, mtaani Langoni, Amu, saa za alasiri, kiganja changu kiko juu ya adapta kuona kama imepata moto sana. Mama alikuwa ameniambia ikiunguza vidole niizime.

Sijui kama jambo hili linastahili kuandikwa. Nilisoma mpaka darasa la nane, na hata huko kuna mengi yalinipita. Lakini nawasikia watu wa rika langu wakikumbuka utoto wao, wanakumbuka kuogelea, na harusi, na maulidi, na mbio za punda. Mimi pia nayakumbuka hayo, ila nayakumbuka kama mtu aliyekuwa akiyatazama kutoka dirishani. Kilichokuwa changu mwenyewe ni gemu moja ya kwenye tivi, na watu wa ndani yake walisema Kihispania.

Baba yangu alikuwa fundi wa nyavu kwenye meli za Wahispania, meli kubwa za kuvua jodari, zile ambazo mtu wa pwani hazioni hata siku moja kwa sababu kazi yao iko mbali mno. Alikuwa akikaa huko miezi mingi, akija kwetu kwa siku chache, ananuka sabuni ya kigeni. Mara ya mwisho kuja alileta mashine ya gemu, ya zamani hata kwa wakati ule, imegeuka rangi kama jino la mzee, imefungwa ndani ya shuka. Mama anasema haikuwa shuka, ilikuwa mfuko wa unga. Huenda ni kweli. Mama ana kumbukumbu nzuri kuliko mimi.

Kaseti ilikuwa moja tu, na juu yake palibandikwa karatasi iliyoandikwa kwa mkono.

"Huu mtezo asili yake ni wa Wajapani," Baba aliniambia, akiipuliza kaseti vumbi. "Maneno yote yalikuwa ya Kijapani. Sasa kule Hispania kuna watu waliupenda, na hawafahamu kitu. Wakaketi majumbani mwao, wakayageuza maneno, moya moya, mpaka yakawa ya kwao. Mwenzangu wa kwenye injini ni mmoja wao. Hii amenitilia yeye mwenyewe."

"Na nani aliwaambia wafanye?"

"Hapana mtu. Wamependa wenyewe. Kama mtu anaejenga msikiti." Akafikiri kidogo. "Astaghfirullahi, si kama msikiti. Lakini ni hivyo hivyo, kwa moyo wake."

Tulipoiwasha, kabla ya kitu chochote kutokea, palikuja maandishi meupe juu ya weusi. Baba akayasoma kwa kidole. *No se vende.* "Haiuzwi," akasema, na akatikisa kichwa kama mtu aliyeona kitu cha heshima.

Siku zake zile chache tulicheza pamoja kila alasiri. Kulikuwa na mtoto wa kiume, mdogo kama punje ya mtama, amevaa joho la buluu. Mnara wa taa wa mji wao ulikuwa umezimika, naye ametumwa kutafuta moto wake, nti kwa nti, nchi moja baada ya nyingine. Baba alinitafsiria yote. Baadaye sana nilikuja kutambua kwamba Kihispania chake kilikuwa cha kazi ya meli, maamrisho na matusi, na mengi ya aliyonitafsiria aliyatunga hapo hapo.

"Mfalme asemaje, Baba?"

"Mfalme asema, vuta kamba."

"Mfalme ana kamba?"

"Kila mtu ana kamba yake, mwanangu. Teza."

Sisemi haya kumcheka. Alikuwa amechoka, alikuwa nyumbani siku chache, na alizitumia akiwa amekaa chini sakafuni na mtoto. Si kila baba angefanya hivyo.

Nyumba ya kwanza tuliyoifikia, nilimwingiza yule mtoto ndani moja kwa moja. Baba akanishika mkono. "Ee! Waingia nyumba ya watu hivyo? Kwenu hakuna hodi?" Nikarudi nje, nikasema "Hodi!" kwa sauti, kuiambia tivi. Tukaingia. Bi kizee aliyekuwa ndani, tulipomsemesha, akasema *pasa, pasa*. "Waona?" akasema Baba. "Asema karibu, ingia ndani." Na hilo nadhani alilijua kweli. Basi kutoka hapo kila mlango nilipiga hodi. Baba alikuwa akitania, naona sasa. Mimi nilichukua kuwa ndiyo sheria ya mchezo.

Siku ya kuondoka alikaa pale dakani, kwenye baraza ya mlangoni, begi iko miguuni. Mimi nilikuwa nimemshika kanzu. Akaniambia, "Ule mtezo ni mrefu. Ukifika mwisho wake, na mimi n'takuwa nimefika." Watu huwaambia watoto maneno ya namna hiyo ili waachie kanzu. Mimi mwenyewe nimeshawaambia wanangu mengi kuliko hayo. Lakini niliachia kanzu, na neno nikalishika.

Yafaa niseme kwa nini nilikuwa peke yangu, nisije nikawafanya watoto wa Langoni waonekane wabaya. Sisi hatukuwa watu wa Amu. Tulikuwa tumehama kutoka Pate, Mama, Bibi mzaa mama, na mimi, kwa sababu kule kwetu wakati ule simu ilikuwa haishiki vizuri, na Mama alitaka Baba akipiga apatikane. Tulikodi chumba na ukumbi. Mama alidarizi kofia kutwa, Bibi alilalamika juu ya kelele za punda, na mimi nilikuwa na lafudhi ya Pate ambayo watoto wa mtaa waliipenda sana, yaani walipenda kuniigiza. Nikifungua mdomo tu, mmoja anasema nilichosema, wote wanaanguka kwa kicheko. Watoto ndivyo walivyo. Pate nako tulikuwa na mtoto aliyetoka mji wa Faza tuliyemfanyia hivyo hivyo, na mimi nilicheka kama wengine.

Kilichoniumiza zaidi ni kinyume. Wasichana wa mtaa walikuwa mahodari wa kusema kinyume, wanageuza neno, mwisho wake ukawa mwanzo, na wanalisema haraka kama maji. Walikuwa wakiongea Kiswahili cha kawaida mpaka nifike. Nikifika tu, mmoja anamtazama mwenzake, na lugha inageuka. "Ndetwe," anasema mmoja, na wote wanainuka wanakwenda, mimi nabaki nikilipindua lile neno kichwani mpaka linakaa sawa. Twende. Na wao wameshapotea kichochoroni.

Kwa hiyo nikajua jambo moja ambalo hakuna aliyenifundisha: watu wasipokutaka, hubadilisha lugha.

Ndani ya tivi ilikuwa mbali na hayo. Kila mtu niliyemwendea alinigeukia na kunisemesha. Na Kihispania, sijui kama nitaweza kulieleza hili, kilikuwa lugha yenye adabu. Kiingereza cha shuleni kiliandikwa hivi na kusomwa vile. Hiki nilikisoma kama nisomavyo Kiswahili, a ni a, e ni e, na kikatoka. Nilikuwa nasoma kwa sauti bila kufahamu, kama tulivyosoma juzuu za Kurani chuoni kabla ya kujua maana. Maana zikawa zinakuja zenyewe. *Agua* ilikuwa kisimani. *Posada* ni pale unapolala na nguvu zinarudi. Swali lilianza na ndoana iliyopinduliwa juu chini, na mtu akianza na ndoana hiyo nilijua anataka kitu kwangu. Upanga wangu uliitwa *Esp.*, na nukta yake, nami nilidhani hilo ndilo jina lake kamili.

Niliamini kwamba huko ndiko aliko Baba. Sikumaanisha kwamba yumo ndani ya kioo, sikuwa mjinga hivyo, au labda nilikuwa kidogo. Nilidhani hao ni watu wa nti anayofanyia kazi, na nikifahamiana nao, habari zangu zitamfikia. Watu husalimiana, huulizana, mtoto wa nani wewe. Mambo yote niliyoyaona maishani yalikwenda kwa ndia hiyo.

Mwanzo niliingia kila nyumba kwa hodi. Halafu nikawa mvivu. Milango ilikuwa mingi na hakuna aliyenigombeza. Nikagundua pia kwamba mitungi iliyokuwa ndani ya nyumba inavunjika, na ndani yake mna vitu, majani ya dawa, wakati mwingine fedha, na mwenye nyumba amesimama hapo hapo hasemi neno. Nikawa naingia kimya, navunja yote, natoka. Wenye nyumba waliendelea kuniambia *pasa, pasa*.

Mji wa mwisho wa nti ya kwanza ulikuwa na daraja refu. Nilipolivuka, muziki ulibadilika, ukawa wa taratibu, wa filimbi. Ng'ambo alikuwa amesimama mwanamke mnene mlangoni kwake, mkono wake mmoja unapanda na kushuka. Nikamwendea. Kisanduku cha maneno kikafunguka, na ndani yake hamkuwa na maneno. Mlikuwa na vijiti. Vijiti na vijumba na ndoana, vimemwagika kama njiti za kibiriti sakafuni. Nikabonyeza, vikaja vingine. Nikamwendea mzee wa karibu yake, vijiti. Mtoto, vijiti. Sauti ilikuwa ile ile, tik tik tik, kama mtu anasema. Lakini hakuna aliyesema nami.

Nilizima. Nikapuliza kaseti, nikawasha. Nikavuka daraja. Yule mwanamke alikuwa hapo, mkono unapanda na kushuka, na mara hii niliuona mkono ule kwa macho mengine. Ananifukuza.

Sikuwa na shaka hata kidogo. Amu ukifanya utovu wa adabu mtaa wa Mkomani asubuhi, ukifika nyumbani adhuhuri mamako ameshajua, habari imekupita njiani. Basi na hawa walikuwa wamepelekewa habari: yuaja mtoto, haingii kwa hodi, avunja mitungi ya watu. Wakakubaliana. Nilipofika, mmoja akamtazama mwenzake, na lugha ikageuka.

Ndipo nikarudi kuomba radhi. Nilivuka daraja kurudi nti ya kwanza, ambako bado walisema, na nikaanza nyumba moja baada ya nyingine. Nilitaka kuyarudisha yale majani ndani ya mitungi, lakini mchezo haukuwa na namna ya kurudisha, ulijua kutoa tu. Ikabaki kusema. Nilipiga hodi kila mlango, nikaingia, nikasimama mbele ya mwenye nyumba na kusema *perdón*, neno ambalo Baba alikuwa akilisema akimkanyaga mtu. Nilikuwa kwa yule bi kizee wa kwanza Bibi alipotokea nyuma yangu.

"Wasema na nani?"

"Naomba radhi."

"Kwa nani?"

"Kwa huyu."

Bibi akasogea, akakunja macho mbele ya kioo. "Huyu ndiye mwenye nyumba?"

"Ndiye."

"Ulimfanyani?"

"Niliingia bila hodi. Na nikavunja mitungi yake."

"Yote?"

"Yote."

"Lo! Na ndani mlikuwa na nini?"

"Dawa."

Bibi akaketi juu ya mkeka, akajipangusa uso kwa ncha ya leso. "Mimi asubuhi huniamkii mpaka nikohoe, na bibi wa watu wa ndani ya tivi wampigia hodi. Haya, mwambie. Lakini mwambie vizuri, usimnong'oneze kama mgonjwa."

"*Perdón*," nikasema kwa sauti.

"Asemaje?"

"Asema karibu, ingia ndani."

"Basi amekusamehe. Wataka nini tena?"

"Husema hivyo siku zote, Bibi. Hata nikivunja."

Bibi akamtazama yule kizee kwa muda. "Basi huyo ni mtu mwema kuliko mimi," akasema. "Zima sasa, adhana i karibu."

Kesho yake nilikwenda mbio mpaka darajani, na ng'ambo palikuwa vijiti vile vile. Nilirudi tena na tena, siku nyingi. Nilijaribu kupita bila kusema na mtu, nikatafuta njia kwa kupapasa, lakini kule mbele kulikuwa na pango, na nadhani kuna mtu alipaswa kukwambia namna ya kuingia. Sikuambiwa. Nilikufa pale mlangoni mwa pango mara zisizo na idadi.

Katikati ya mambo hayo Baba alipiga simu. Alikuwa akipiga kila meli ikishusha samaki Shelisheli, halafu ikawa mara moja moja. Mama alizungumza kwanza, kwa sauti ya chini, mgongo ameupa ukuta. Halafu akanipa.

"Mwanangu, u hali gani? Wateza?"

"Nateza."

"Umefika wapi?"

Nilitaka kumwambia kwamba nimefukuzwa. Nilitaka aseme nao, yeye ni mtu mzima na anawajua. Lakini kuna mambo humwambii babako kwa simu huku mamako amesimama hapo. Nikasema, "Nimevuka daraja."

Nilisikia mashine zikilia nyuma yake, na mtu akicheka mbali.

"Usende mbio," Baba akasema. "Wasikia? Teza polepole, mwanangu. Usende mbio."

Nilidhani ananifundisha mchezo. Na kwa siku kadhaa nilimtembeza yule mtoto hatua hatua, nikisimama kila mahali, nikidhani huenda ng'ambo hawakupenda haraka yangu.

Simu ya baadaye sikupewa. Mama aliipokea akatoka nayo dakani, akakaa huko. Aliporudi alichukua kofia yake, akatia uzi kwenye sindano, na uzi ukapita mara ya kwanza. Nalikumbuka hilo kwa sababu nilitazama mikono yake.

"Babako ameoa huko Shelisheli," akasema. "Mimi ameniacha kwa heri. Hakunidhulumu, na wewe usimdharau. Atakuletea haki yako."

Na ni kweli aliileta. Lazima niliandike hili wazi kwa sababu wapo wanaosoma habari za namna hii wakitafuta mtu wa kumlaani. Mpaka naolewa sikukosa kitu alichopaswa kunipa. Kila Idi alipiga. Yeye hakuja, basi. Bibi alisema maneno makali siku moja, Mama akamwambia, "Mama, basi," na hayakusemwa tena.

Sikumwambia mtu nilivyofikiri mimi. Nilifikiri kwamba mimi ndiye niliyechelewa. Tuliwekeana mwisho, na mimi nilikwama darajani kwa utovu wangu wa adabu, naye hakuweza kuningoja milele. Wazo hilo sikumbuki liliondoka lini. Sina hakika liliondoka lote. Mashine ililiwa na chumvi ya hewa kama kila kitu cha chuma Amu, na siku moja haikuwaka.

Sasa nina watoto wangu, na ninapika Shela. Wageni wetu wengi ni Wahispania, na Kihispania nimekipata jikoni, cha vitunguu na samaki na kesho saa ngapi. Wananisifu matamshi. Nawaambia nimejifunza kazini.

Msimu uliopita alikuwepo mgeni mmoja, mwanamume wa umri kama wangu, mtulivu, aliyesafiri peke yake. Nilimpandishia juisi ya ukwaju darini, na kabla sijafika ngazi ya juu nikaisikia ile filimbi. Nilisimama, trei mkononi. Alikuwa akicheza kwenye simu. Mtoto wa joho la buluu, mdogo kama punje ya mtama, alikuwa akivuka daraja.

Nadhani uso wangu ulisema kitu, kwa maana aliniuliza, "Unaujua?"

"Naujua mpaka darajani," nikamwambia.

Akaweka mkono kwenye paji la uso, akacheka, lakini kicheko cha mtu aliyekutana na jamaa. "Sote tunaujua mpaka darajani," akasema.

Akanieleza polepole, akirudia nisipofahamu. Yule mtu wa kwanza aliyeanza kuyageuza maneno hakumaliza. Kazi ilikuwa ngumu kuliko mtu anavyodhani. Vile visanduku vilitengenezwa kwa herufi za Kijapani, ambazo chache zasema mengi, na maneno ya Kihispania hayakuenea, ikabidi kuyakata, ndiyo maana upanga ukawa *Esp.* tu. Alifika darajani, akapata mtoto, akakosa wakati. Akaitoa kama ilivyo, ng'ambo ikabaki Kijapani, ili walau nusu isomwe. Watoto wa kwao wote waliokuwa na nakala ile walikwama pale pale. Miaka ikapita, wengine wakaichukua kazi wakaimaliza, kwa moyo wao vile vile.

"Na wewe," nikamuuliza, "ulipoviona vile vijiti, ulifikiri nini?"

"Nilifikiri kaseti yangu mbovu," akasema. "Wewe?"

"Na mimi," nikasema. Kihispania changu cha jikoni hakikutosha kusema vingine.

Alinitilia mchezo kwenye simu yangu kabla hajaondoka. Niliuweka siku nyingi bila kuufungua, nikijiambia nina kazi. Halafu alasiri moja, Mama akiwa ameketi nami ukumbini na kofia yake, macho sasa hayaoni vizuri lakini mikono yajua ndia, nikaufungua. Kila mlango nilipiga hodi, kimoyomoyo. Mtungi hata mmoja sikuvunja, mchezo ukawa mgumu kweli. Nikafika darajani, nikavuka.

Yule mwanamke alikuwa hapo hapo mlangoni, mkono unapanda na kushuka. Nikamwendea. Kisanduku kikafunguka.

*¿Vienes de lejos? Siéntate. El pan está caliente.*

Nilisoma mara nyingi kuliko ilivyohitajika.

"Kuna nini?" akauliza Mama. "Mbona umenyamaza?"

"Huyu mwanamke."

"Asemaje?"

"Asema, watoka mbali? Keti. Mkate u moto."

Mama akakata uzi kwa meno. "Basi keti," akasema.

Nilimaliza baada ya wiki kadhaa, polepole, usiku sikucheza. Taa ya mnara iliwaka, na majina yakaanza kupanda, ya hao walioyageuza maneno. Jina la juu kabisa lilikuwa la yule wa kwanza, aliyeishia darajani. Wale waliomaliza walijiweka chini yake. Nililiona hilo likanipendeza, sijui niseme vipi, nikaona ni haki.

Ijumaa ile nikampigia Baba. Mimi humpigia mara chache, huwa nangoja Idi. Sauti yake imekuwa nyembamba siku hizi.

"Baba, nimefika mwisho," nikasema.

"Mwisho wa nini, mwanangu?"

"Wa ule mtezo."

"Mtezo upi?"

Hakuwa akijifanya. Nilimsikia akitafuta, kama mtu anayepapasa mfukoni. Amefanya kazi nyingi, ameona bahari nyingi, na neno lile lilisemwa dakani kwa haraka kwa mtoto aliyemshika kanzu.

Hapo nyuma ya Baba mwanamke akasema jambo, kwa lugha ya huko kwao. Baba akamjibu kwa lugha hiyo hiyo, haraka, na kwa dakika hiyo nilikuwa tena nimesimama kichochoroni Langoni. Miaka yote nilipokuwa nikiisikia lugha ile kwenye simu nilikuwa nikiaga, nikikata.

"Asemaje?" nikauliza.

"Nani?"

"Bi huyo. Asemaje?"

Sidhani aliwahi kuulizwa.

"Asema chai yapoa," akasema. "Na ametoa mkate."

"Basi nenda ukanywe, Baba."

"Haya," akasema. Lakini hakukata simu, na mimi sikukata, na kule nyuma nikasikia kiti kikivutwa.